Wii Sports: gemu iliyomsimamisha mama yangu kitini. Mliowahi kuicheza na wazee wenu, karibuni

Binti Pongwe (mleta mada)

Habari za jioni wana jamvi.

Humu kila mtu akiuliza "ninunue gemu gani tucheze na watoto" majibu ni PlayStation na mpira wa kwenye skrini. Sina ugomvi na hayo. Ila nina jibu langu, la zamani kidogo, na naomba mnivumilie nilieleze kwa kirefu kwa sababu nimeliishi.

Mwaka 2008 nilikuwa Leicester, Uingereza, nikifanya kazi kwenye makao ya wazee. Waliopita kazi ile wanaijua: kuamsha, kuogesha, kulisha, kubadilisha mashuka, halafu mchana mrefu ambao wazee wamepangwa kwenye viti kuzunguka ukuta na runinga inajisemea peke yake. Siku moja msimamizi akaleta boksi jeupe, Nintendo Wii, konsoli (mashine ya gemu ya kuchomeka kwenye runinga) ya kampuni ya Nintendo ya Japani, na ndani yake mlikuwa na diski ya Wii Sports. Nilidhani itaishia kabatini. Baada ya wiki mbili nikiingia zamu naulizwa, "Binti, leo bolingi saa ngapi?"

Kwa asiyeijua: Wii Sports ina michezo mitano, tenisi, besiboli, bolingi, gofu na ngumi. Bolingi ni ule wa kuviringisha tufe zito kwenye njia ya mbao ukaangushe pini kumi. Kwenye Wii hushiki tufe, unashika rimoti nyeupe inayokaa kiganjani. Unabana kitufe cha chini yake, unarudisha mkono nyuma, unauleta mbele, unaachia kitufe. Tufe hilo limekwenda. Ukipindisha kiganja wakati wa kurusha, nalo linapinda. Mzee wa kiti cha magurudumu anacheza palepale alipo, na akimshinda kijana wa miaka ishirini amemshinda kweli, hakuna aliyemwachia.

Palikuwa na mzee mmoja, simtaji, alikuwa haongei na mtu tangu aletwe. Alikuja kutazama wenzake siku tatu mfululizo. Siku ya nne akanyoosha mkono bila neno, nikampa rimoti. Akaangusha zote kumi. Alicheka, na hapo ndipo nilipoisikia sauti yake kwa mara ya kwanza.

Niliporudi Tanga mwaka 2013 nilikuja na ya kwangu kwenye begi la mkononi, nimeiviringisha ndani ya kanga. Mama yangu alikuwa hajawahi kugusa gemu ya aina yoyote. Akaniuliza, "Inabonyezwa wapi hii?" Nikamwambia, mama, fanya kama unatupa ndoo kisimani uteke maji. Akashusha mkono, akauleta, akaachia. Pini nane chini. Mwanangu wa miaka sita alikuwa ameangusha tatu. Mama akainuka kwenye kiti, akasogeza meza, akasema, "Hebu tena."

Hapo ndipo kiini cha uzi huu kilipo. Gemu nyingine zote mtoto anamtangulia mzee kwa maelfu ya saa za vidole gumba. Mzee anapewa padi yenye vitufe kumi na tano, anapigwa tano bila, anairudisha kwa heshima na kusema macho hayaoni vizuri. Hii inauliza kitu ambacho mkono wa mzee unakijua tangu zamani. Aliyeteka maji, aliyepepeta, aliyetwanga, mkono wake una kipimo cha nguvu na wakati kuliko wa mtoto.

Na haikutokea kwa bahati. Kabla ya Wii, kwenye konsoli za runinga Nintendo walikuwa hoi. Konsoli yao ya kabla ya hapo, GameCube, iliishia kuuzwa milioni 21 na ushei wakati PlayStation 2 ya Sony imejaa dunia nzima. Satoru Iwata, aliyekuwa rais wa kampuni, akaona kushindana kwa ukali wa picha hakuna mwisho, akaamua kuwafuata watu wasiocheza kabisa. Alitaka kifaa cha mkononi kiitwe rimoti, kwa sababu rimoti ya runinga kila mtu nyumbani anaishika bila woga. Wii ikatoka Marekani tarehe 19 Novemba 2006, na Wii Sports ikawekwa ndani ya boksi bure. Reggie Fils-Aimé, mkuu wa Nintendo Marekani, ndiye aliyeng'ang'ania hilo, na Shigeru Miyamoto, mbunifu mkuu wa gemu zao, hakupenda wazo la kugawa kazi yao bure. Japani diski ikauzwa peke yake, nje ya boksi. Mwishowe zilitoka nakala takriban milioni 83, na konsoli yenyewe zaidi ya milioni 101.

Naomba tujadili. Kuna gemu yoyote ya leo inayofanya hivi kwa mzee na mtoto? Na nani bado anayo ya kwake ikifanya kazi?

Fundi Makorora

Dada Binti Pongwe, shikamoo kwa mama. Nimetengeneza hizi kadhaa, acha niongeze ya ndani.

Ndani ya rimoti mna kijipande kidogo kinachopima mchapuko pande tatu, yaani mkono unavyoongeza na kupunguza kasi juu-chini, kushoto-kulia na mbele-nyuma. Ukirusha, namba zile zinakwenda kwenye konsoli kwa Bluetooth. Konsoli haioni mkono wako uko wapi. Inakisia kutokana na mtikisiko. Ndiyo maana mtu anaweza kukaa kitako na kutikisa kifundo cha mkono tu, tenisi ikampokea. Wengine wanaiona kasoro. Kwa mzee mwenye bega bovu, mimi naiona rehema.

Kile kijiti cheusi cha juu ya runinga, wengi wanakiita sensa na kuogopa kikikatika waya wametupa pesa. Hakihisi chochote. Ni taa tu za infraredi, chache kila upande, jicho haliwezi kuziona. Kamera iko kwenye pua ya rimoti, inatazama makundi hayo mawili ya taa na kupiga hesabu unaelekeza wapi. Nilishaletewa moja waya umeliwa na panya, nikamwashia mteja mishumaa miwili juu ya meza, umbali kama wa kijiti kile, mshale ukatokea kwenye skrini. Mishumaa nayo inatoa infraredi. Usifanye hivyo penye pazia. Na kama mshale unarukaruka mchana, funga dirisha lililo nyuma ya runinga, jua linaichanganya kamera.

Runinga mpya nyingi hazina tena matundu ya njano, nyeupe na nyekundu. Tafuta kigeuzi kidogo cha kuchomeka nyuma ya Wii kwenda HDMI. Halafu ingia mipangilio ya runinga uweke hali ya gemu, la sivyo picha inachelewa na kwenye tenisi kila mpira unakupita.

Baraza la Wazee

Mleta mada nakuheshimu, umeeleza kwa moyo. Lakini mimi sikubaliani na wewe. Mzee na mjukuu kucheza sawasawa tulikuwa nako kabla ya umeme. Bao lipo. Karata zipo. Baba yangu alinifundisha bao chini ya mwembe na hadi anafariki sikuwahi kumfunga mara mbili mfululizo. Bao haliungui adapta, haliulizi matundu ya njano. Naona tunakwenda kununua Japani kitu ambacho tulikiacha kibarazani wenyewe.

Nyali Mtupu

Salamu kutoka Mombasa. Jibu la swali la kwanza la mleta mada: ipo, inaitwa Nintendo Switch Sports, ya konsoli ya Nintendo iliyokuja baadaye iitwayo Switch, ilitoka Aprili 2022. Ina bolingi, tenisi, badmintoni, voliboli, mpira wa miguu na mchezo wa panga, gofu ikaongezwa mwishoni mwa mwaka huohuo. Nyumbani kwetu tunaicheza mimi, mke wangu, watoto wawili na mama mkwe akija kutoka Malindi. Bolingi yake mama mkwe aliishika siku hiyohiyo. Voliboli ilimshinda, kwa sababu lazima ujue sasa ni zamu ya kupokea, kunyanyua au kupiga, na ukikosea wakati mwenzako anaumia.

Tahadhari moja kwa wanaotaka kununua: msichukue Switch Lite kwa kazi hii. Vile vidude viwili vya pembeni vya kushika mkononi, Joy-Con, kwenye hiyo havichomoki, sasa utarusha nini? Chukua ile ya kawaida. Faida nyingine, Switch haifungwi kwa eneo. Umeinunua Dubai au Uingereza, kadi ya nchi yoyote inaingia.

Mtu wa Viungo

Mimi ni mfiziotherapia. Naunga mkono kwa sharti.

Sisi tunahangaika sana kumfanya mgonjwa arudie mkao mmoja mara hamsini. Ukimwambia "inua mkono, shusha, inua," ya kumi amechoka moyo kabla ya misuli. Mpe tenisi ya Wii, atainua mara mia na kuomba nyingine. Ndiyo maana hospitali za Marekani na Ulaya ziliingiza Wii kwenye vyumba vya mazoezi miaka ileile ya mwanzo. Kwa mwenye vidole vigumu anza na tenisi. Bolingi inadai abane kitufe na kukiachia kwa wakati, na mgonjwa wa kiharusi hapo ndipo anapokwama. Tenisi haidai kitufe ukishaanza. Unarusha mpira kwa kuinua rimoti, unapiga kwa kuibembeza, na mchezaji wa kwenye skrini anakimbia mwenyewe.

Sharti langu: kiti imara nyuma ya mzee, mkeka uondolewe, watoto wakae mbali na mkono unaorudi nyuma, na robo saa inatosha kwa siku za kwanza. Niliwahi kumpokea mama aliyecheza ngumi saa nzima sikukuu ya Idi, na bega lake lilichukua wiki tatu.

Kipepeo 77

Mkanda wa mkononi jamani!! Mjomba wangu alirusha bolingi bila mkanda, rimoti ikaenda moja kwa moja kwenye kioo. Runinga ya inchi 42. Kimya kilichofuata pale sebuleni nakikumbuka hadi leo.

Fundi Makorora

Kipepeo pole sana. Hilo liliwapata wengi tangu Wii ilipoanza kuuzwa. Kamba za mwanzo zilikuwa nyembamba mno, zikawa zinakatika, na Desemba 2006 Nintendo wakatangaza kubadilisha bure kamba milioni 3.2. Mwaka uliofuata wakaongeza koti la silikoni la kuvalisha rimoti. Ukinunua ya mtumba leo, angalia unene wa kamba kabla ya kuangalia kitu kingine.

Kwa Mtogole

Naomba msaada wana jamvi, nimeguswa na uzi huu. Dada yangu anaishi Minnesota. Alipokuja likizo alituletea Wii ya watoto wake, wamekua hawaitumii. Nikaichomeka ukutani kwa kichwa cha kubadilishia plagi. Pakalia *pa*, harufu kidogo, tangu siku hiyo haijawaka. Ina miaka minne kabatini. Nimekufa nayo?

Fundi Makorora

Hujafa nayo. Adapta ya Marekani imeandikwa 120V, umeme wetu ni 230V. Kichwa cha plagi kinabadilisha umbo la meno tu, hakigusi umeme. Mara nyingi kinachokufa ni adapta peke yake na konsoli inabaki salama. Tafuta adapta ya Wii ya Ulaya au Uingereza, inayosema kuingia 230V, kutoka 12V na ampea 3.7. Tundu la nyuma ni lilelile. Ila jua kwamba konsoli ya Marekani inasoma diski za Marekani tu, usije ukanunua diski ya Uingereza ukadhani ni mbovu.

Binti Pongwe

Asanteni nyote. Fundi, sasa naelewa kwa nini ya kwangu haikunisumbua: adapta ya Uingereza ni ya volti zetu na hata plagi yake ni ya pini tatu kama zetu.

Mtu wa Viungo, maneno yako nimeyaandika kwenye karatasi na kuyabandika ukutani nyuma ya runinga. Kule Leicester tulikuwa na mama mmoja mwenye vidole vilivyokakamaa, akawa anarusha, mimi nimeshika mkono wake na kuachia kitufe kwa niaba yake. Tulipata mdundo wetu, akawa ananihesabia "moja, mbili, achia". Laiti ningejua kuhusu tenisi mapema.

Baraza la Wazee, hoja yako nimeifikiria usiku kucha. Bao nalipenda, na baba yangu alikuwa mchezaji. Lakini wewe mwenyewe umesema: hadi anafariki mzee wako hukumfunga mara mbili mfululizo. Bao linamtukuza aliyetangulia, na ni haki yake. Mjukuu wa miaka sita hana nafasi pale kwa miaka kumi ijayo, na bibi ambaye hakufundishwa, maana mabinti wengi hatukukaribishwa chini ya mwembe ule, hana nafasi kabisa. Mama yangu alimpelekea baba kahawa ya bao kwa miaka arobaini na hakuwahi kushika kete. Bolingi alicheza siku ya kwanza, na baba akawa anangoja zamu nyuma yake.

Kuna kitu sikukisema kwenye mada kwa sababu sikujua kama nitaweza. Kwenye Wii kila mtu anatengeneza sura yake, wanaziita Mii. Unachagua nywele, macho, miwani, masharubu. Konsoli inazihifadhi, na gemu inazichukua yenyewe. Ukicheza besiboli timu yako inajazwa na sura zilizomo, na ukiingia bolingi nyingine unaziona zimesimama nyuma yako. Kule makaoni mzee akifariki tulifungasha nguo zake, chumba kikapigwa dawa, Jumatatu mgeni anaingia. Lakini Mii yake ilibaki. Unaanza besiboli, unamwona amesimama kwenye nafasi yake. Hakuna aliyetuagiza tusizifute, na hakuna aliyezifuta.

Baba alifariki 2016. Tulimtengenezea Mii yenye miwani na masharubu ya mvi, alisimamia mwenyewe, akakataa pua mara tatu. Mama bado anacheza Ijumaa baada ya Alasiri. Mara nyingine akipata pini zote anageuka kutazama kama baba yupo kwenye kundi la nyuma.

Baraza la Wazee

Binti, nimekusoma. Habari ya mama na kahawa imenifikia, nami nina mama wa namna hiyo hapa nyumbani. Nyali Mtupu, hiyo ya Switch na kadi yake ya bolingi, ukinunua iliyotumika, mtu aangalie nini?

Nyali Mtupu

Shikamoo mzee. Chomoa vidude vyote viwili na kuvirudisha, hakikisha vinashika. Ingia kwenye mipangilio kuna sehemu ya kupima vijiti vya kusukuma kwa kidole gumba, tazama kama nukta inatembea wakati hujagusa kitu. Ikitembea, ni ugonjwa unaojulikana, shusha bei au achana nayo. Bolingi yenyewe haitegemei kijiti hicho sana, lakini utasumbuka kwenye kuchagua.

Kipepeo 77

Na mkanda, mzee. Joy-Con nazo zina mkanda wake, mwambie muuzaji autoe kabisa kwenye boksi uuone kwa macho.

Kwa Mtogole

Mrejesho. Fundi Makorora, Mungu akuzidishie. Nimepata adapta ya Uingereza kwa muuza vifaa vya mtumba, namba zote ulizosema zipo. Jana baada ya Isha tumeichomeka, wanangu wawili wamekaa chini, mama yangu kitini. Taa ikawaka nyekundu, nikabonyeza, ikawa ya kijani. Diski ilikuwa bado ndani.

Nikaingia bolingi, wakatokea watu. Sura tisa. Za dada yangu, shemeji, watoto wao, na nyingine sizijui, labda majirani wa kule. Mpwa wangu mkubwa yumo na nywele za duara na meno makubwa, alijichora akiwa na miaka saba. Pembeni ya jina lake imeandikwa Pro. Sasa hivi yuko chuo mwaka wa pili.

Mama alisogea hadi karibu na kioo akamgusa. Wajukuu wale aliwaona mara moja tu, wakiwa na umri uleule wa kwenye ile picha. Nikapiga simu ya video, kule ilikuwa mchana. Mpwa akaona skrini yetu akanyamaza kwanza, halafu akamwambia bibi yake, "Bibi, shika kitufe cha nyuma, usiachie mpaka mkono upite goti."

Mama ameangusha saba.